Hamburg kwa miguu: mlipe mtu akuonyeshe kisichoonekana

Swali: Shikamoo. Mimi ni binti wa Tanga. Nimepata nafasi ya kusomea uuguzi Ujerumani na mwezi Mei nitashukia Hamburg. Kabla ya kuanza masomo nitakuwa na siku mbili, Jumamosi na Jumapili, za kuuona mji. Nimeona matangazo ya matembezi ya miguu yenye mwongozaji, mengine ya kulipia, mengine yanasema ni bure. Wenzangu wananicheka, wanasema kumlipa mtu akuonyeshe barabara ni ushamba, simu ina ramani. Wewe unayefanya kazi hiyo unasemaje? Na kuna chochote huko kinachotuhusu sisi watu wa pwani?

Jibu: Marahaba, binti yangu. Kwanza ujue kwamba umemuuliza muuza samaki kama samaki wake ni wabichi. Huu ni mwaka wangu wa 17 nikiwatembeza watu Hamburg, kwa hiyo ukinisikia nasema "lipa" una haki ya kunitilia shaka. Nasema hivyo hivyo: lipa, ila mara moja tu, asubuhi ya Jumamosi, kwa muda wa saa mbili zisizozidi tatu. Muda unaobaki tembea peke yako. Ramani ya simu itakutosha kabisa.

Ungeniuliza kuhusu Regensburg ningekujibu vingine. Kule mji wa kale umesimama, daraja la mawe la karne ya 12 lipo, vichochoro vipo, ukizubaa tu njiani unaona historia. Hamburg si hivyo. Hamburg imeungua, imepigwa mabomu, na kwa mikono ya wenyewe imebomolewa kila ilipoonekana kwamba kitu kipya kitaleta faida kuliko cha zamani. Ni mji wa wafanyabiashara tangu asili yake. Ramani hukuonyesha kilichopo, na hapa sehemu kubwa ya habari iko kwenye kisichokuwepo.

Nikupe mfano. Dakika chache kutoka ukumbi wa jiji kuna kiwanja cha majani kinaitwa Domplatz. Kina viti vyeupe vya mraba vilivyopangwa kwa mistari, na mchana wafanyakazi wa ofisini hukaa hapo wakala mikate yao. Kwa mpita njia ni bustani, basi. Lakini pale ndipo lilipokuwa kanisa kuu la Hamburg, na kila kiti kimewekwa mahali palipokuwa na nguzo. Halikuungua wala halikupigwa bomu: wenye mji walilivunja wenyewe kati ya 1804 na 1807. Kiti kimojawapo kina kioo. Inama uchungulie, utaona chini msingi wa nguzo halisi. Nimeshapita na wakazi wa Hamburg waliokalia viti vile miaka kumi bila kujua wamekalia nini.

Moto nao ulikuja mwezi huohuo utakaofika wewe. Usiku wa kuamkia tarehe 5 Mei 1842 ulizuka katika mtaa wa Deichstraße, ukaenda hadi tarehe 8, ukala karibu theluthi ya mji wa kale, ukaua watu 51 na kuwaacha wapatao 20,000 bila makazi. Wakuu wa mji walilipua kwa baruti ukumbi wao wa jiji ili kuukatia moto njia. Moto ukaruka ukaendelea. Jengo jipya la soko la hisa, lililofunguliwa miezi michache tu kabla, likabaki limesimama katikati ya majivu. Hapo watu wa Hamburg hutabasamu kidogo, kwamba katika mji huu hata moto ulijua cha kuacha. Cha ajabu zaidi, Deichstraße penyewe, moto ulipoanzia, ni miongoni mwa mitaa michache ambayo bado ina nyumba za wafanyabiashara wa karne ya 17 na 18, kwa sababu upepo uliusukuma moto kuelekea upande mwingine. Usiitazame kwa mbele tu. Nenda kwenye daraja la Hohe Brücke uzione nyumba hizo kwa nyuma, zinavyotumbukiza miguu majini. Mlango wa mbele ulikuwa wa wageni, wa nyuma wa mali: mashua zilikuja na maji kujaa, mizigo ikavutwa kwa kamba hadi ghorofa za juu.

Naam, maji kujaa. Wewe wa Tanga utalielewa jambo hili haraka kuliko mtalii yeyote wa München. Hamburg iko zaidi ya kilomita 100 kutoka baharini, lakini mto Elbe pale mjini hupwa na kujaa mara mbili kwa siku, na tofauti yake hupita mita 3. Ukipita asubuhi mfereji una maji tele, ukirudi mchana unakuta tope na mashua zimelala ubavu, kama ufukweni kwenu maji yakitoka. Dhoruba ikiyasukuma maji ya bahari kuingia mtoni, balaa. Usiku wa tarehe 16 kuamkia 17 Februari 1962 kingo zilipasuka na watu 315 wakafa mjini humu. Yale malango mazito ya chuma utakayoyaona kando ya mifereji ni ya kuzuia maji.

Kutoka Deichstraße tembea dakika tatu ufike kwenye mnara mweusi usio na kanisa. Huo ni wa Mtakatifu Nikolai. Mwingereza George Gilbert Scott ndiye aliyechora kanisa lililojengwa baada ya moto wa 1842, na mnara ulipokamilika mwaka 1874, ukiwa na mita 147, lilikuwa jengo refu kuliko yote duniani kwa muda wa miaka miwili hivi. Mnara mrefu hivyo ni alama nzuri hata kwa rubani wa adui. Mwishoni mwa Julai 1943 ndege za Uingereza na Marekani zilikuja siku baada ya siku. Usiku wa 27 kuamkia 28 mioto iliungana ikawa dhoruba ya moto mashariki mwa mji, mitaa ya wafanyakazi. Katika mashambulizi yale walikufa zaidi ya watu 30,000. Kanisa likaanguka, mnara ukabaki, na mji ukaamua kutolijenga tena. Kuna lifti ya kioo inayokupandisha hadi mita 76. Panda kama hali ya hewa ni safi. Kuna mawingu, acha, ingia kwenye makumbusho yaliyo chini ya ardhi, kwani huko wanaeleza pia mabomu ambayo Wajerumani walianza kuwaangushia wengine. Mwongozaji atakayekusimulia Julai 1943 bila kutaja kilichotangulia, mtilie alama ya kuuliza.

Sasa, wewe ni muuguzi mtarajiwa, kwa hiyo nakutaka usimame mahali pamoja ambapo wengi hupapita wakitafuta choo. Ukumbi wa jiji wa leo, Rathaus, ulijengwa 1886 hadi 1897, una vyumba 647 na umesimama juu ya nguzo za mwaloni zipatazo 4,000 zilizopigwa kwenye tope. Watu hupiga picha mbele, huondoka. Wewe pita chini ya mnara uingie uwani. Kuna chemchemi yenye mwanamke juu yake, na miguuni pake amelikanyaga dubwana mfano wa joka. Mwanamke ni Hygieia, yule ambaye Wagiriki wa kale walimfanya mungu wa afya. Dubwana ni kipindupindu.

Mwaka 1892, kuanzia Agosti, kipindupindu kiliua watu zaidi ya 8,600 Hamburg, kwa wiki chache tu. Mji huu ulikuwa tajiri, una meli, una mabenki, una umeme. Ila maji ya bomba yalitoka mtoni moja kwa moja bila kuchujwa, kwa sababu wenye mamlaka, ambao walikuwa wafanyabiashara na wenye nyumba, walibishana miaka na miaka nani alipe gharama ya kichujio. Jirani yao Altona, ambao siku hizo ulikuwa mji mwingine chini ya Prussia, ulichota maji yake chini zaidi ya mto, baada ya Hamburg kumwaga uchafu wake humo, lakini ulikuwa na kichujio cha mchanga. Altona waliugua wachache mno. Kulikuwa na mitaa ya mpakani ambapo upande mmoja wa barabara watu walikufa na upande wa pili wakabaki wazima, na tofauti ilikuwa bomba tu. Daktari Robert Koch, aliyetumwa kutoka Berlin, alipopitishwa kwenye vichochoro vya maskini ananukuliwa kwamba alisema amesahau kama yuko Ulaya. Sisi tunaosikiliza kutoka huku tunajua alikuwa anafikiria wapi. Mwaka uliofuata, 1893, kichujio kikafunguliwa. Pesa zilikuwepo siku zote.

Katika wageni mia niliowatembeza, labda watatu walikuwa wanaijua chemchemi ile kabla. Hiyo ndiyo kazi unayomlipia mtu: akusimamishe pale ambapo miguu yako isingesimama yenyewe.

Haya, tuje kwenye hayo ya "bure". Si ya bure, na si wizi pia. Mwongozaji wa matembezi ya namna hiyo hana mshahara, anaishi kwa bakshishi mnayompa mwishoni, na kampuni nyingi za aina hii humtoza yeye kiasi fulani kwa kila kichwa kilichojitokeza. Maana yake ukinyatia kona ukaondoka bila kutoa kitu, yeye ndiye aliyekulipia wewe. Wengi huacha kati ya yuro 10 na 15. Ukilinganisha na matembezi ya kulipia kabla, tofauti haiko kwenye bei. Iko kwenye idadi ya watu na kwenye shinikizo: anayetegemea bakshishi atakuchekesha, kwa sababu aliyecheka hutoa, na chemchemi ya kipindupindu haichekeshi. Ninawafahamu vijana wa bakshishi walio hodari kuliko wenye vyeti. Ninawafahamu pia waliosoma kurasa mbili juzi.

Kwa maana Ujerumani hakuna sheria inayomzuia mtu kujiita mwongozaji wa mji. Unaweza kuamka kesho ukashika mwavuli. Ila kipo chama cha taifa cha waongozaji, kifupi chake BVGD, ambacho hutoa vyeti kwa waliosomea na kufanya mtihani kwa kipimo cha Ulaya. Mwenye cheti hicho huwa na beji. Si sharti awe nacho, lakini angalau mwenye nacho halingani na papasi wa Forodhani. Zaidi ya beji, mimi ningetazama haya: kundi lisizidi watu 20, maana katika kelele za bandari wa 21 hasikii kitu, njia isizidi kilomita tatu, maana mwongozaji anayekukimbiza hana la kusema, na tangazo liseme mtapita wapi. Lililoandikwa "siri na maajabu" bila kutaja mtaa hata mmoja, liache. Chagua la Kiingereza kama Kijerumani chako bado kinachechemea, lakini sikiliza majina ya mitaa kwa Kijerumani, utayahitaji.

Na muulize mwongozaji maswali mawili popote mtakaposimama: hapa palikuwa na nini kabla, na pesa ya kujengea hii ilitoka wapi. Anayejua kazi atafurahi. Asiyejua atakuambia hadithi ya mzimu. Mimi mwenyewe miaka yangu ya mwanzo niliaibika. Kila mwaka mwanzoni mwa Mei mji husherehekea siku ya kuzaliwa ya bandari, kwa hati inayosemekana ilitolewa na mfalme Friedrich Barbarossa tarehe 7 Mei 1189, ikiwapa Hamburg ruhusa ya kupitisha meli bila ushuru. Nikawa nimelisimulia hilo kwa mbwembwe zote, na bibi mmoja aliyenyamaza tangu mwanzo akaniambia kwa upole, "Kijana, ile hati ni ya kughushi." Nikaenda kusoma. Kweli, ilitengenezwa katika karne ya 13 na wenyeji waliotaka faida ya ushuru. Sherehe iko palepale, na sasa ndiyo hadithi ninayopenda kuliko zote kuisimulia.

Kuhusu adabu za siku yenyewe nisikuchoshe. Tiketi ikisema 10:00, ni saa nne asubuhi ya kwetu, nao wataondoka saa nne na dakika mbili. Vaa viatu ulivyokwisha kuvizoea, mawe ya barabarani hayana huruma na kisigino. Beba koti hata jua likiwaka. Njia nyekundu kando ya barabara ni ya baiskeli, ukisimama juu yake kupiga picha utatukanwa na mtu mwenye haraka. Weka sarafu za choo. Ukisalimiwa "Moin" jibu "Moin", hata saa mbili usiku, haina uhusiano na asubuhi. Ni kama "mambo" yenu. Njaa ikiuma, mkate wa samaki ndio chakula cha bandari hii, na kama unaangalia halali ndio usio na maswali mengi. Kile kinachoitwa Labskaus kina nyama ya kusindikwa na kinaonekana kama kimeshaliwa mara moja. Mimi nakipenda.

Matembezi mengi huishia Speicherstadt, mji wa maghala, na hapo ndipo mtu wa pwani huanza kunusa. Ni maghala ya matofali mekundu yaliyopangwa kwenye visiwa, mfereji upande mmoja na barabara upande wa pili, juu ya magogo yaliyopigwa kwenye udongo. Yalianza kujengwa mwaka 1883, na mfalme Wilhelm wa Pili akayafungua Oktoba 1888, Hamburg ilipoingia katika umoja wa forodha wa Ujerumani na kuachiwa sehemu ndogo ya bandari isiyo na ushuru. Humo ziliwekwa kahawa, chai, kakao, mazulia, tumbaku na viungo. Tangu 2015 ni urithi wa dunia wa UNESCO, na picha zake umeshaziona. Usichokiona ni nyumba za watu wapatao 20,000 waliohamishwa kutoka visiwani humo ili maghala yapate nafasi. Wengi walikuwa vibarua wa bandari, na wengi walikwenda kujibana kwenye vile vichochoro ambavyo miaka minne baadaye kipindupindu kilivifagia. Sasa unaelewa kwa nini nilitaka uanzie kwenye chemchemi.

Ng'ambo ya mfereji kuna mtaa wa majumba ya ofisi, na jumba mashuhuri ni Chilehaus, kona yake imechongoka kama omo ya jahazi. Fritz Höger alilichora, likajengwa 1922 hadi 1924 kwa matofali milioni 4.8, na aliyelilipia alitajirika kwa chumvi ya mbolea ya Chile, ndipo jina lilipotoka. Wote hupiga picha pale. Wachache huvuka barabara kwenda Meßberghof, jirani yake. Jengo lile mwanzo liliitwa kwa jina la Albert Ballin, Myahudi aliyeikuza kampuni ya meli ya Hamburg hadi ikawa kubwa kuliko zote duniani. Wanazi wakalifuta jina hilo. Ndani yake zikawa ofisi za kampuni iliyouza ile gesi ya sumu iliyotumika kuulia watu Auschwitz. Kibao kipo ukutani. Mimi kundi langu hulisimamisha pale dakika mbili bila kusema chochote, halafu tunaendelea.

Sasa swali lako la pili, ambalo ndilo lililonifanya nikujibu kwa urefu wote huu. Ndiyo, yapo mambo yanayotuhusu, tena mengi kuliko wanavyopenda kuyataja. Meli za Hamburg zilianza kufika Zanzibar kabla serikali ya Ujerumani haijaota koloni. Kampuni ya O'Swald ilifungua tawi Unguja mwaka 1849. Mojawapo ya mali zake ilikuwa kauri: walizoa kauri za pwani yetu, wakazizungusha hadi Afrika Magharibi ambako zilikuwa pesa, wakanunulia mafuta ya mawese. Mwaka 1859 Hamburg, Lübeck na Bremen zilitiliana mkataba wa biashara na Sayyid Majid. Karafuu na pembe zilikuja huku, vitambaa na shanga zikaenda huko.

Nenda Große Reichenstraße namba 27, dakika tano kutoka Rathaus. Hilo ni Afrikahaus, lilijengwa 1899 kwa ajili ya kampuni ya Woermann. Mlangoni amesimama sanamu wa shujaa wa Kiafrika, na mwisho wa uwanja wa ndani kuna tembo wawili wakubwa. Jumamosi lango la ndani linaweza kuwa limefungwa, lakini sanamu yuko nje, utamwona. Woermann walikuwa na mkono pia katika laini ya meli ya Afrika Mashariki ya Kijerumani, iliyoanzishwa 1890, na meli zake zilitia nanga Tanga kwenu. Babu wa babu yako huenda alizipakua. Na meli za Woermann ndizo zilizowabeba askari kwenda kuwaangamiza Waherero na Wanama huko Namibia. Mwulize mwongozaji pesa ya kujengea hii ilitoka wapi, kisha mtazame usoni.

Lingine huwezi kuliona kwa sababu halipo. Ukiwa Dar es Salaam, pale Posta penye sanamu ya Askari ya mwaka 1927, kabla yake alisimama Hermann von Wissmann wa shaba, tangu 1909, na miguuni pake askari mweusi akimtazama kwa kumwinulia macho. Wissmann ndiye aliyetumwa kuvunja vita vya Abushiri, na Abushiri alinyongwa Pangani, jirani yenu, Desemba 1889. Waingereza walipoiteka Dar waliiondoa ile sanamu. Ikarudi Ujerumani, na mwaka 1922 ikasimamishwa Hamburg mbele ya chuo kikuu, katika jengo ambalo lilianza kama taasisi ya mambo ya makoloni, mahali ambapo Kiswahili kilifundishwa kwa wanaokwenda kututawala. Mwaka 1967 wanafunzi waliiangusha kwa kamba, ikasimamishwa tena, mwaka 1968 wakaiangusha, na safari hiyo haikurudi. Kiswahili kinafundishwa bado chuoni humo. Wanafunzi siku hizi huja kwangu kufanya mazoezi ya kuzungumza, na wanapiga ngeli vizuri kuliko wanangu.

Jumapili nakuomba ufike Ohlsdorf. Ni makaburi, lakini usiogope: ni hekta 389 za miti, maua na mabwawa, yana mabasi ya mjini yanayopita ndani, na watu huenda kutembea na watoto. Treni ya U1 inafika hadi hapo. Humo kalala Salme binti Said, mtoto wa Sayyid Said bin Sultan, aliyezaliwa 1844 katika jumba la Mtoni. Alijifunza kuandika kwa siri, akinakili herufi za msahafu kwenye mfupa wa bega la ngamia. Alimpenda mfanyabiashara wa Hamburg, Rudolph Heinrich Ruete, akabeba mimba yake, akatoroka Unguja mwaka 1866 kwa manowari ya Kiingereza. Aden alibatizwa, akaitwa Emily, akaolewa, akaja Hamburg mwaka 1867. Miaka mitatu baadaye mumewe aliumia kwenye tramu ya farasi akafa, akamwachia watoto watatu katika nchi ambayo hakuijua lugha yake vizuri. Aliishi kwa kufundisha Kiarabu na kuuza vito vyake. Mwaka 1886 alichapisha kumbukumbu zake. Alifia Jena tarehe 29 Februari 1924, na majivu yake yako hapa, katika kaburi la akina Ruete. Kwenye jiwe yameandikwa maneno ya mshairi Fontane yanayosema kwamba mwaminifu kwa kina cha roho ni yule aipendaye nchi yake kama wewe.

Waongozaji wengi humsimulia kama hadithi ya mapenzi, binti mfalme na Mzungu. Mimi sipendi. Mwaka 1885 Bismarck alimpeleka Zanzibar na manowari zake ili amtishie kaka yake Sultan Barghash, kisha faida ilipopatikana akaachwa bila urithi wala msaada. Na yeye mwenyewe katika kitabu chake aliutetea utumwa uliomlea. Ndiyo maana uwanja mmoja wa Hamburg uliopewa jina lake mwaka 2019 ulinyang'anywa jina hilo mwaka uliofuata, watu waliposoma kurasa hizo. Wengine waliona ni sawa, wengine waliona anahukumiwa na jamaa wa wale waliomtumia. Ukifika kaburini utaamua mwenyewe. Ramani ya makaburi ya watu mashuhuri huipata langoni, na utaihitaji, maana hata mimi nimeshapotea humo.

Yaliyobaki ya Jumapili ni mepesi. Alfajiri, kama una nguvu, soko la samaki la Fischmarkt hufunguliwa saa kumi na moja na kufungwa saa tatu na nusu. Lipo tangu 1703, na wauzaji wanavyopiga kelele utadhani uko mnadani kwenu. Shuka kwenye handaki la zamani chini ya mto, la mwaka 1911, mita 426 kwa miguu, hulipi kitu, na ukitokea ng'ambo geuka uutazame mji. Badala ya mashua ya watalii panda kivuko namba 62 kutoka Landungsbrücken, tiketi yako ya kawaida ya usafiri wa mjini inatosha, kaa juu kushoto. Maduka yatakuwa yamefungwa siku nzima, kwa hiyo nunua mahitaji Jumamosi.

Na Jumamosi hiyo, kabla hujalala, uwe chini ya mnara wa kanisa la Mtakatifu Mikaeli, ambao wenyeji huuita Michel, saa tatu kamili usiku. Mtu hupanda huko juu na tarumbeta, akafungua dirisha, akapiga wimbo wa kanisa kuelekea pande zote nne za mji, dirisha moja baada ya jingine. Mei saa hiyo bado kuna mwanga kidogo. Simama upande wa kusini, upande wa mto, ndiko sauti inakofika vizuri.